Kipaji Kikihama Shule, Jina Lisibaki Nyuma

Iko habari moja inayozungumzwa sana siku hizi katika vijiji vya Masasi na huku juu Newala, nami kwa kazi yangu ya ukarani wa parokia huisikia karibu kila mwezi. Ni habari ya watoto hodari wa mpira wanaohamishwa shule. Mtoto akionekana katika michezo ya UMITASHUMTA au ya UMISSETA ya kuwa miguu yake ni myepesi, hazipiti siku nyingi atatokea mtu wa kumtaka. Huyu atasema iko shule nzuri Mtwara. Yule atasema Dar es Salaam. Wa tatu atataja kituo cha kukuza vipaji ambacho hakuna mtu kijijini aliyepata kukiona. Mama hufurahi, mjomba huitwa aulizwe, naye mtoto haulizwi sana, kwa maana yeye amekwisha funga mzigo tangu jana.

Jambo hili limetugawa. Wako wazee wasemao mpira ni mchezo wa kupoteza wakati, mtoto akae na kitabu chake. Wako na wengine, hasa vijana, wasemao kitabu kimewashinda wengi, basi kwa nini tumzuie mtoto bahati yake? Mimi nilisomea ualimu kabla ya kushika kazi hii ya ofisini, tena napenda sana mpira, kwa hiyo siwezi kuwa upande wa wale wala wa hawa. Nataka tuitazame habari yenyewe kwa utulivu, tuone wenzetu waliohama shule kwa ajili ya michezo walifika wapi na walifikaje. Kisha kila mzazi apime mwenyewe.

KUHAMA SI JAMBO GENI

Kwanza tukumbuke ya kuwa kuhama shule si jambo geni kwetu sisi watu wa kusini. Wamisionari walipofika Masasi mwaka 1876, na Ndanda mwaka 1906, shule zilikuwa chache mno. Mtoto akimaliza darasa la mwisho la kijijini, hakuwa na njia ila kufunga mkeka wake na kwenda mbali.

Hayati Benjamin Mkapa alizaliwa Lupaso, hapa Masasi, mwaka 1938. Katika masomo yake alipitia Ndanda, na Kigonsera, na Pugu, hata akafika Makerere kule Uganda, alikopata shahada yake mwaka 1962. Alihama mara nyingi kuliko watoto wetu wa leo. Lakini tazameni: kila alipohama, kitabu ndicho kilichomhamisha, na jina alilotoka nalo Lupaso lilikwenda naye. Akawa Rais wa nchi hii kuanzia mwaka 1995 hata 2005. Alipofariki mwaka 2020 alizikwa kwao Lupaso, na ule uwanja mkubwa wa mpira wa Dar es Salaam, uliofunguliwa mwaka 2007, ukaitwa kwa jina lake. Leo Simba na Yanga wakicheza pale, jina linalotajwa redioni ni la mtoto wa kijiji chetu.

Basi kuhama si kosa. Swali ni hili: mtoto anapohama, ni nini kinachohama pamoja naye?

KIJANA WA MAKONGO

Katika Tanzania hii, mchezaji aliyehama shule kwa ajili ya mchezo akafika mbali kupita wengine ni Hasheem Thabeet. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1987. Mchezo wake si mpira wa miguu, ni mpira wa kikapu, nao hakuuanza utotoni. Alikuwa amekwisha kuwa kijana wa miaka kama 15. Alisoma Makongo, shule ya jeshi ambayo chini ya mkuu wake, Kanali Iddi Kipingu, ilisifika nchi nzima kwa kuwapokea vijana wenye vipaji vya michezo. Kutoka Makongo akavuka bahari mpaka Marekani. Huko nako hakukaa mahali pamoja. Alipita katika zaidi ya shule moja kabla ya kumaliza masomo ya sekondari katika shule ya Kikristo ya Cypress, huko Houston, Texas. Mwaka 2006 akaingia Chuo Kikuu cha Connecticut.

Chuoni alicheza miaka mitatu. Urefu wake ni futi 7 na inchi 3, na kazi yake kubwa ilikuwa kuwazuia wengine wasifunge. Mwaka 2008 na tena mwaka 2009 alichaguliwa kuwa mlinzi bora wa ligi ya vyuo iitwayo Big East. Tarehe 31 Januari 2009, katika mchezo mmoja na chuo cha Providence, alifunga alama 15, akadaka mipira 11 iliyorudi kutoka kikapuni, na kuzuia mingine 10 isiingie. Mwaka huohuo chuo chake kilifika katika vyuo vinne vya mwisho vya nchi nzima, kikatolewa na chuo cha Michigan State. Mwezi wa Juni akateuliwa na timu ya Memphis Grizzlies, wa pili katika vijana wote walioteuliwa mwaka ule, naye akawa Mtanzania wa kwanza kucheza katika ligi kuu ya Marekani, yaani NBA.

Mpaka hapa habari ni tamu, na wengi wetu huisimulia mpaka hapa tu. Lakini msomaji, tuendelee. Aliyeteuliwa nyuma yake, wa tatu, alikuwa James Harden. Wa saba alikuwa Stephen Curry. Hao wote wawili dunia inawajua. Hasheem hakupata bahati hiyo. Mwezi wa Februari mwaka 2010, hata mwaka haujatimia, alipelekwa kucheza kwa muda katika ligi ya chini, timu ya Dakota Wizards. Baadaye alikwenda Houston, akaenda Portland, akaenda Oklahoma City. Na miaka iliyofuata alicheza Japani na Taiwan.

Sisemi haya kwa kumdharau. Hasha! Kijana aliyecheza NBA zaidi ya michezo 200 amefanya jambo ambalo kabla yake hakuna Mtanzania aliyelifanya. Nasema ili tuone ya kuwa hata mtu aliyekuwa wa pili katika uteuzi wa nchi kubwa kama ile hakuijua kesho yake. Mwili ni kitu cha kuazima. Leo unaruka, kesho wauma goti. Tena tuone jambo la pili: kutoka Makongo mpaka Houston, na kutoka Connecticut mpaka Taiwan, mtu huyu alijulikana kwa jina moja, lililoandikwa katika karatasi zake zote. Mtoto mwenye majina mawili na miaka ya kuzaliwa miwili hafiki mbali hivyo. Huyo atakwama Namanga.

DAFTARI LA WAMAREKANI

Nimesema habari za Marekani, basi niongeze kidogo, kwa maana wenzetu wale wamelifanyia jambo hili la kuhama sheria nyingi, nasi twaweza kujifunza.

Wana mchezo wao wanaouita mpira, lakini huchezwa zaidi kwa mikono. Yuko mchezaji mmoja ambaye kazi yake ni kupokea mpira, kuukumbatia kifuani, na kukimbia nao katikati ya watu wakubwa wanaotaka kumwangusha. Uwanja una yadi 100, na kila yadi anayoipata huandikwa. Kijana mmoja wa kazi hiyo, Kenneth Walker, mwenyeji wa jimbo la Tennessee, alicheza miaka miwili katika chuo cha Wake Forest. Mwaka 2021 akahamia Michigan State, kilekile chuo kilichowatoa akina Hasheem mwaka 2009. Katika mwaka huo mmoja alikimbia yadi 1,636. Tarehe 30 Oktoba, walipocheza na mahasimu wao wa chuo cha Michigan, aliufikisha mpira mwisho wa uwanja mara tano, nao wakashinda 37 kwa 33. Akapewa tuzo ya mkimbiaji bora wa vyuo vyote, na mwaka 2022 akachukuliwa na timu kubwa ya Seattle Seahawks. Huyo kuhama kulimfaa, tena sana.

Lakini alihamaje? Zamani, mchezaji wa mpira ule akihama chuo ilimpasa kukaa mwaka mzima bila kucheza. Mwaka 2018 chama kinachosimamia michezo ya vyuo, NCAA, kilifungua daftari maalum: anayetaka kuhama huandikwa jina humo, na vyuo vyote hulisoma. Mwaka 2021 wakaruhusu kuhama mara moja bila kukaa nje. Mwaka 2024 wakaruhusu hata mara nyingi, ila kwa sharti moja: masomo yake yawe yanakwenda vizuri. Sikieni neno hilo. Wao wenye fedha nyingi namna ile, na viwanja vya kuketi watu 100,000, hawakuliondoa sharti la kitabu. Hata hivyo wengi huandika majina yao katika daftari lile wasipate chuo cha kuwachukua, wakawa wamekosa huku na huku.

Wahenga wetu walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Na kipaji cha mtoto ni mali.

KITABU CHA PAROKIA

Sasa nirudi hapa kwetu, maana ndipo penye uchungu. Mtoto wa huku ana majina mengi. Analo alilopewa na bibi siku alipozaliwa. Analo la ubatizo. Akienda jandoni hutoka na jina jipya, na lile la zamani ukimwita nalo huona umemvunjia heshima. Hayo yote ni halali, nayo ni mapambo ya mtu. Lakini siku hizi limekuja jina la nne, nalo si pambo: ni jina la shule. Mtoto anahamishwa, na kule aendako anaandikwa jina la mtoto mwingine, aliyefaulu asiende, ili nafasi ipatikane. Na miaka yake hupunguzwa miwili au mitatu, ili aonekane mdogo mwenye nguvu za ajabu.

Kijana mmoja alikuja ofisini kwangu, jina lake silitaji. Alitaka cheti cha ubatizo kwa kuwa alikuwa anataka kufunga ndoa. Nikamtafuta kitabuni, nikampata, nikamwandikia. Akaketi kidogo, kisha akanitolea cheti chake cha kidato cha nne, akaniuliza kama naweza kuandika barua ya kueleza ya kuwa aliyetajwa pale ni yeye. Jina lilikuwa jingine kabisa. Alikuwa amechukuliwa akiwa mtoto ili aichezee shule moja ya mbali. Alicheza miaka mitatu, akashangiliwa, kisha goti likaharibika. Siku lilipoharibika, hakuna aliyekuja kumtazama. Akarudi kijijini na cheti ambacho ni kizuri, lakini si chake. Hawezi kuombea kazi, hawezi kuendelea na masomo. Nikamwambia, “Ndugu yangu, mimi siwezi kushuhudia kwa mhuri wa Kanisa jambo ambalo kitabu hakilijui.” Akaniambia, “Najua, Karani. Nilitaka tu kuuliza.” Jumapili tatu zilizofuata matangazo ya ndoa yakasomwa kanisani, na jina lake la kweli likasikika mbele ya watu. Miaka yote ile hakuna shule wala timu iliyolitamka.

Haukupita mwaka, jambo lenyewe likaja nyumbani kwangu. Wajua, msomaji, ya kuwa kwetu mtoto ni wa ukoo wa mama, na mjomba ndiye anayeulizwa. Dada yangu ana mtoto wa kiume hapa Newala, anatumia mguu wa kushoto, na akiwa na mpira mguuni hata wazee huacha bao lao wakamtazama. Akaja mgeni kutoka shule moja, akiwa na fomu tayari. Atasoma bure, atalala bure, atapewa viatu. Yalikuwa yamebaki mambo mawili tu: jina lililoandikwa kwenye fomu halikuwa lake, na miaka ilipaswa kupungua miwili.

Mgeni akacheka, akasema, “Bwana Karani, kalamu unayo, kitabu unacho, na mtoto ni mpwa wako. Hili si jambo la kutupotezea siku.”

Dada yangu alikuwa amekaa mlangoni. Hakusema neno, lakini nilijua anachotaka. Mavuno ya korosho yalikuwa mabaya mwaka ule, na nyumbani kwake wako watoto wengine wanne. Nikamwita kijana nikamwonyesha ile fomu. Akaisoma polepole, kisha akaniuliza, “Mjomba, huko wataniita hivi siku zote? Hata nikifunga bao?”

Nikachukua kitabu, nikanakili yaliyomo kama yalivyo, nikapiga mhuri, nikampa mgeni cheti cha kweli. Nikamwambia, “Huyu ndiye mtoto tuliye naye. Mkimtaka huyu, mchukueni.” Alikikunja, akakitia mfukoni, akasema atarudi. Hajarudi mpaka leo.

Dada yangu alikaa majuma mengi bila kunizungumza vizuri. Siku moja akaniambia, “Kaka, kitabu chako kimemfungia mwanangu mlango.” Sikuwa na jibu la kumfurahisha. Nilimwambia tu ya kuwa mlango ule ungemfungukia mtoto mwingine, siyo wake. Na siku ambapo goti lingeuma, aliyerudishwa nyumbani angekuwa wake. Akanyamaza. Sasa kijana yuko kidato cha tatu katika shule ya hapahapa, na anacheza. Yuko mwalimu mwingine aliyemwona, akaja mchana kweupe, akauliza alama zake kabla ya kuuliza mguu wake. Tumekubaliana naye, mimi na dada, ya kuwa amalize kwanza mtihani wa kidato cha nne, kisha tuzungumze. Kama atakuwa mchezaji mkubwa au hatakuwa, hayo ni ya Mungu.

MASHAURI YANGU KWA WAZAZI

Basi wazazi na wajomba, sisemi msiwaache watoto waende. Kipaji ni karama, na Bwana wetu katika mfano wa talanta hakumsifu yule aliyefukia yake ardhini. Lakini mtu akija kumtaka mtoto, muulizeni mambo haya, tena mbele ya mtoto mwenyewe.

Muulizeni kwanza: ataandikwa jina gani, na miaka mingapi? Akisita, habari imekwisha. Wala msidanganywe ya kuwa hayajulikani. Tangu mwaka 2009, katika Kombe la Dunia la vijana wa chini ya miaka 17, FIFA hutazama mifupa ya kifundo cha mkono kwa mashine. Karatasi yaweza kusema uongo, mfupa hausemi.

Muulizeni pili: atasoma nini, na nani atatuletea habari za masomo yake? Angalieni pia wakati wa kuhama. Namba ya mtahiniwa hubeba namba ya shule aliyoandikishwa, kwa hiyo mtoto anayehamahama karibu na mtihani wa taifa aweza kujikuta hana mahali pa kuufanyia. Tena ada ya kidato cha kwanza mpaka cha nne iliondolewa katika shule za serikali tangu mwaka 2016, basi neno “atasoma bure” peke yake lisiwapumbaze.

Muulizeni tatu: akiumia, atatibiwa na nani, na masomo yataendelea? Mwenye nia njema atajibu bila kukasirika. Mwenye nia nyingine atatazama saa yake.

Nanyi vijana mnaosoma gazeti hili, msidhani mnafungiwa njia. Mtakatifu Paulo mwenyewe alitaja wapiga mbio katika nyaraka zake, wala hakuwaona kuwa watu wa bure. Kimbieni. Hameni, ikiwa kuna heri mnakokwenda. Lakini kila mwendako mwende kwa jina lenu, ili siku watu watakaposimama kushangilia, mama yako aliye Newala au Masasi akisikia redioni, ajue ya kuwa anayeshangiliwa ni mwanawe.